Jinsi ya Kusimamia Bondi ya Mwanafunzi wa Udaktari wa Jeshi

Jeshi linapogharimia masomo ya udaktari ya kijana, humtaka kwanza atie saini mkataba wa kulitumikia kwa miaka kadhaa baada ya kuhitimu. Maofisini mkataba huo huitwa bondi, na ndilo jina nitakalolitumia humu. Mwongozo huu nimewaandikia maofisa utumishi na wanasheria wanaokabidhiwa majalada ya mikataba ya aina hii, pamoja na wazazi wanaoitwa mezani na kuombwa wawe wadhamini wa watoto wao. Nguvu ya bondi huamuliwa siku inapotiwa saini. Daktari anapokuja kuandika barua ya kuacha kazi, miaka kumi baadaye, hakuna tena nafasi ya kuongeza sharti lililosahauliwa, wala ya kutafuta risiti ambayo hakuna aliyeitunza.

Jambo la pili la kukumbuka ni kwamba jeshi halikumsomesha kijana huyo ili lije limdai fedha. Lilimsomesha kwa sababu linahitaji daktari katika hospitali yake, melini, au kambini mpakani ambako daktari wa kiraia hakubali kwenda. Kwa hiyo usimamizi unaoishia katika kukusanya deni umefaulu nusu tu, hata kama fedha yote imelipwa.

Tambua sheria inayokupa nguvu

Ndani ya bondi moja hukaa sheria mbili, na makosa mengi huanzia pale msimamizi anapozichanganya. Sheria ya kwanza ni ya mikataba, ambayo humgusa mwanafunzi kama inavyomgusa raia yeyote aliyeahidi jambo kwa malipo. Sheria ya pili ni ya kijeshi, ambayo humshika mtu aliyekwisha kuwa mwanajeshi, naye akivunja ahadi yake hahesabiwi tena kuwa mdaiwa tu bali mtoro.

Nchi hutofautiana kuhusu siku ambayo mwanafunzi huvuka kutoka upande mmoja kwenda mwingine. Nchini Marekani, wanafunzi wa udaktari katika chuo kikuu cha tiba cha majeshi kilichopo Bethesda, Maryland, ambacho kilianzishwa kwa sheria ya mwaka 1972, ni maofisa walio kazini tangu siku wanapoanza masomo, wakiwa na cheo na mshahara. Anayetoweka darasani huko anajibu kwa mujibu wa sheria ya kijeshi, ambayo vifungu vyake vya 85 na 86 vinashughulikia kutoroka jeshini na kutokuwepo kazini bila ruhusa. Nchini India, katika chuo cha tiba cha majeshi cha Pune kilichoanzishwa mwaka 1948, kijana husoma kwa miaka mingi akiwa ofisa mwanafunzi, na kamisheni, yaani kutunukiwa cheo cha ofisa kamili wa jeshi, huja mwishoni. Kabla ya kamisheni hiyo, alichosaini ni mkataba. Nayo sheria ya India ya mwaka 1963 kuhusu utekelezaji wa mikataba inasema wazi katika kifungu cha 14 kwamba mahakama haiwezi kumlazimisha mtu kutekeleza mkataba unaotegemea sifa na ujuzi wake binafsi. Kwa maneno mengine, jaji hawezi kumwamuru mhitimu avae sare na kwenda kutibu wanajeshi. Anaweza tu kumwamuru alipe. Baada ya kamisheni, Sheria ya Jeshi ya mwaka 1950 huchukua nafasi, na hapo ndipo utoro unapokuwa kosa la kijeshi.

Basi kabla hujaandika barua yoyote, fungua jalada na utafute tarehe ya kamisheni. Ikiwa haijafika, usimtishie kijana kwa mahakama ya kijeshi ambayo haina mamlaka juu yake. Barua ya vitisho iliyoandikwa nje ya mamlaka itasomwa siku moja mbele ya jaji, nayo itaudhoofisha upande wako kuliko upande wa kijana.

Siku ya kutia saini

Anza na umri. Vijana wengi wanaoingia vyuo vya tiba nchini India wana miaka 17, na mtu aliye chini ya miaka 18 hana uwezo wa kuingia mkataba. Mwaka 1903, Baraza la Mfalme la London, ambalo wakati huo lilikuwa ngazi ya mwisho ya rufaa kwa makoloni, liliamua katika shauri lililotoka Calcutta kwamba mkataba wa mtoto ni batili tangu mwanzo, na msimamo huo ungali unashikiliwa nchini India hadi leo. Ndiyo maana mzazi au mlezi huombwa atie saini pia. Angalia vizuri mzazi anasaini nini: akisaini kwa niaba ya mtoto tu, bado umeshika mkataba wa mtoto. Inapasa atoe ahadi yake mwenyewe, inayosimama peke yake, kwamba endapo mwanafunzi hatatimiza masharti, yeye atalipa kiasi fulani. Halafu weka alama kwenye kalenda ya ofisi: kijana anapotimiza miaka 18, mwite asaini mkataba mpya kwa ajili ya miaka ya masomo iliyobaki. Nimeona ofisi zikiishughulikia hatua hii kama urasimu mtupu, na nasikitika kusema kwamba ni miongoni mwa hatua chache ambazo kukosekana kwake kunaweza kuangusha dai zima.

Baada ya umri, shughulikia uelewa. Mwanafunzi na mdhamini wake wapewe nakala ya mkataba angalau wiki moja kabla ya kusaini, wasomewe kwa lugha wanayoizungumza nyumbani, na ofisa aliyewasomea aandike jina lake na tarehe. Mzazi aliyetoka kijijini na kusafiri usiku kucha ili mwanawe aripoti chuoni hawezi kusoma kurasa kumi na mbili za kisheria akiwa amesimama kwenye foleni, na mtu mwenye haya huweka dole gumba popote anapoonyeshwa. Mkataba uliopatikana kwa namna hiyo una doa, na daktari aliyekulia katika nyumba iliyoaibishwa na mkataba huo hatakaa jeshini kwa moyo mweupe.

Kisha yahakiki masharti yenyewe, na hapa tumia muda mwingi. Muda wa utumishi uwe na mwanzo unaojulikana: je, unahesabiwa tangu kuhitimu, tangu kumaliza mwaka wa mazoezi ya vitendo, au tangu kamisheni? Swali la udaktari bingwa ndilo linalozaa ugomvi mkubwa kuliko yote, kwa sababu daktari akipelekwa kusomea ubingwa kwa miaka minne, yeye huamini kwamba miaka hiyo inapunguza deni lake, na jeshi huamini kinyume chake. Marekani ililimaliza swali hilo ndani ya sheria yenyewe. Mhitimu wa chuo cha Bethesda anadaiwa miaka isiyopungua saba ya utumishi. Aliyesomeshwa chuo cha kiraia kwa ufadhili wa jeshi anadaiwa mwaka mmoja kwa kila mwaka aliofadhiliwa. Na katika hali zote mbili muda wa mafunzo ya ubingwa jeshini haupunguzi hata siku moja. Mtu anaweza kuona sharti hilo kuwa gumu, lakini hawezi kusema hakulijua.

Mkataba useme pia itakuwaje mwanafunzi akishindwa mitihani, akiugua, akipata ulemavu, au jeshi lenyewe likimwondoa. Tofautisha kati ya anayeondoka kwa hiari au kwa utovu wa nidhamu na yule ambaye mwili wake umekataa. Huyu wa pili hapaswi kudaiwa, na mkataba usipolisema jambo hilo, lipeleke kwa wakubwa liandikwe. Kwa anayefeli masomo, Marekani huacha mlango wa kumtumia jeshini katika kazi nyingine inayolingana na ujuzi alionao, na kwa maoni yangu hilo ni jambo la busara, kwa kuwa kijana aliyefika mwaka wa tatu wa udaktari anajua mengi ambayo kikosi chochote cha tiba kinayahitaji.

Jinsi ya kupanga kiasi cha fedha

Hapa ndipo msimamizi anapohitaji utulivu, maana mkono huwa mwepesi kuandika kiasi kikubwa ili kumtisha anayetaka kuondoka. Kifungu cha 74 cha Sheria ya Mikataba ya India ya mwaka 1872 kinasema kwamba pale mkataba unapotaja kiasi kitakacholipwa ukivunjwa, aliyevunjiwa anastahili fidia ya haki isiyozidi kiasi hicho. Kiasi kilichoandikwa, basi, ni dari, na mahakama inaweza kutoa pungufu. Msomaji wa Tanzania asidhani kuwa hilo ni jambo la mbali, kwa kuwa Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, ilijengwa juu ya sheria hiyo ya India, na kanuni hiyo imo humo pia. Mwaka 2015 Mahakama Kuu Kabisa ya India ilifafanua kwamba pale hasara inapoweza kuthibitishwa, mdai hasamehewi wajibu wa kuithibitisha kwa sababu tu mkataba umetaja namba.

Sheria hiyo ya India ina mlango wa pekee kwa bondi zinazotolewa kwa mujibu wa sheria au kwa amri ya Serikali kwa ajili ya wajibu wa umma: anayezivunja hulipa kiasi chote kilichotajwa. Wanasheria wa Serikali hupenda kuukimbilia mlango huo. Lakini sheria yenyewe inaongeza ufafanuzi kwamba mtu aliyeingia mkataba na Serikali hahesabiwi, kwa sababu hiyo peke yake, kuwa ameahidi kutekeleza wajibu wa umma. Usijenge dai lako lote juu ya mlango ambao mahakama inaweza kuufunga kwa sentensi moja.

Njia iliyo salama ni kuanza na daftari la gharama. Kwa kila mwanafunzi, fungua ukurasa unaoonyesha ada, malazi, chakula, vitabu, sare na posho, mwaka kwa mwaka, pamoja na hati za malipo. Mshahara aliolipwa kwa kazi aliyoifanya usiingizwe humo, kwa sababu ule ni jasho lake. Mwisho wa kila mwaka wa masomo mpe mwanafunzi nakala, aisome, asaini. Baada ya miaka mitano utakuwa na namba ambayo yeye mwenyewe ameikubali mara tano, na hakuna wakili atakayeweza kusema ilizuliwa.

Halafu mkataba uruhusu deni lipungue kadiri mtu anavyotumikia. Tuchukue mfano wa kubuni: gharama zote ni shilingi 72,000,000, na muda wa utumishi ni miaka sita. Daktari akitumikia miaka minne na nusu kisha akaondoka, amebakiza robo ya muda, naye anadaiwa robo ya gharama, yaani shilingi 18,000,000. Mkataba unaomdai kiasi chote hata akibakiza miezi mitatu una sura ya adhabu, na mahakama huiona sura hiyo haraka.

Unaweza kuongeza gharama ya kumpata mtu wa kuziba pengo, mradi uieleze. Mwezi Mei 2025 Mahakama Kuu Kabisa ya India iliamua shauri la ofisa wa benki ya umma aliyetakiwa kulipa rupia 200,000 kwa kuondoka kabla ya kutimiza miaka mitatu. Ikakubali sharti hilo, ikieleza kwamba taasisi ya umma haiwezi kuokota mtu mlangoni. Hulazimika kutangaza nafasi na kufuata utaratibu wa wazi wenye gharama. Hoja hiyo inaweza kutumiwa na jeshi pia, kwa sharti kwamba ofisi iwe na takwimu zake yenyewe za gharama hizo.

Kuna na hatari ya upande wa pili, nayo haisemwi mara nyingi. Kiasi kikiwa kidogo mno, hospitali binafsi yenye fedha humlipia daktari deni lote siku moja na kumchukua, na bondi hugeuka kuwa bei ya kumnunua. Wanaobaki kambini huwa ni watoto wa maskini, ambao hawakupata wa kuwalipia. Ndiyo maana nasisitiza gharama halisi, isiyopunguzwa wala kutiwa chumvi.

Somo kutoka Ugiriki

Mtu yeyote anayesimamia bondi za madaktari wa jeshi anapaswa kulijua shauri lililoamuliwa na Mahakama ya Haki za Binadamu ya Ulaya, Strasbourg, tarehe 4 Juni 2015. Mlalamikaji aliingia katika shule ya maofisa wa jeshi la Ugiriki mwaka 1986 akiwa na miaka 18, akasomeshwa udaktari bure huku akilipwa, kisha akapata mafunzo ya ubingwa wa nusukaputi. Mwaka 2006, akiwa na miaka 37, akaomba kuacha. Jeshi likamjibu kwamba bado anadaiwa zaidi ya miaka tisa ya utumishi, na kwamba akitaka kuondoka alipe kiasi kinachozidi euro 100,000. Alipokata rufaa, mahakama ya Ugiriki inayosimamia hesabu za umma ilishusha kiasi hicho hadi chini ya euro 50,000. Lakini kabla ya hapo, wakati shauri lingali linasikilizwa, mamlaka ya kodi ilikuwa imekwisha mdai alipe yote mara moja, riba ya asilimia 12 hadi 13 ikizidi kulimbikizwa, naye akalazimika kulipa zaidi ya maradufu ya kile ambacho mwishowe kilionekana kuwa ndicho halali.

Mahakama ya Strasbourg haikusema kwamba bondi ni utumwa. Ilikubali kwamba nchi ina haki ya kumtaka daktari iliyemsomesha aitumikie kwa muda, na kwamba akiondoka mapema arejeshe gharama. Hata hivyo ilisema Ugiriki ilivunja katazo la kazi ya kulazimishwa, kwa sababu ya namna ilivyodai: malipo ya papo hapo, bila nafasi ya kulipa kwa awamu, riba kubwa, na ukusanyaji ulioendelea wakati uhalali wa deni haujaamuliwa. Mwaka 2000 kamati ya Ulaya inayosimamia haki za kijamii ilikuwa imekwisha ikosoa nchi hiyohiyo kwa sheria iliyoweza kumfunga ofisa jeshini hadi miaka 25 kwa sababu ya mafunzo aliyopata.

Nchi zetu za Afrika Mashariki hazifungwi na mahakama hiyo. Lakini katazo la kazi ya kulazimishwa limo katika sheria zetu pia, na wakili wa daktari atalitumia. Kwa hiyo andika ndani ya mkataba, tangu siku ya kwanza, kwamba anayeondoka ana haki ya kulipa kwa awamu kulingana na kipato chake; kwamba riba, ikiwapo, haizidi ile ya kawaida ya madeni ya Serikali; na kwamba akipinga hesabu, ukusanyaji unasimama hadi pingamizi lisikilizwe. Mahakama ya juu ya masuala ya utawala ya Ujerumani ilisema mwaka 2017 kwamba hata awamu zenyewe hazipaswi kuendelea kwa maisha yote ya kazi ya mtu. Nakubaliana na hilo kabisa. Deni linalomfuata mtu hadi uzeeni kwa sababu ya saini aliyoiweka akiwa kijana haliiongezei hospitali ya jeshi daktari hata mmoja.

Miaka ya utumishi

Kati ya saini na kuondoka kuna miaka mingi ambayo majalada hulala kabatini. Ofisi iliyo makini humwandikia kila daktari barua moja kila mwaka, ikimwonyesha muda aliotumikia, uliobaki, na kiasi ambacho angedaiwa kama angeondoka siku hiyo. Barua hiyo huchukua nusu saa kuiandaa. Faida yake ni kwamba makosa ya hesabu hujitokeza mapema, wakati mtu aliyeyafanya bado yupo ofisini na anaweza kuulizwa.

Daktari anapopelekwa kusomea ubingwa, mkataba wa nyongeza unahitajika, na wadhamini nao warudi kusaini. Wengi husahau jambo hili. Katika Sheria ya Mikataba ya India, kifungu cha 133, masharti yakibadilishwa bila ridhaa ya mdhamini, mdhamini huachiliwa kuhusu yale yanayofuata baada ya badiliko hilo, na mahakama za nchi zilizorithi sheria za Kiingereza hufuata kanuni inayofanana nayo. Baba aliyemdhamini mwanawe kwa miaka sita hakumdhamini kwa miaka kumi na miwili.

Na jeshi nalo litimize upande wake. Daktari aliyeahidiwa nafasi ya ubingwa baada ya miaka mitatu, akaipata mwenzake mwenye mjomba mkubwa, ana malalamiko ambayo hakuna bondi inayoweza kuyanyamazisha. Ukiangalia sababu za wanaoondoka, fedha huwamo, lakini mara nyingi utakuta pia kituo cha mbali bila dawa wala vifaa, familia iliyotenganishwa miaka mingi, na barua za kuomba uhamisho zisizojibiwa. Kujibu barua hizo kwa wakati ni sehemu ya kusimamia bondi.

Daktari anapotaka kuondoka

Barua ikishafika, ijibu kwa maandishi ndani ya siku chache, ukithibitisha kuipokea na kumkumbusha kwamba bado yuko kazini hadi aachiliwe. Kisha mwite mzungumze, akiwepo ofisa tabibu mkuu wa kituo chake na mtu atakayeandika kumbukumbu. Lengo la mazungumzo ni kujua kama kuna jambo linaloweza kurekebishwa. Uhamisho, likizo ya kumuuguza mzazi, au tarehe ya uhakika ya kwenda kusomea ubingwa vimewabakiza madaktari wengi kuliko mashauri ya mahakamani.

Akisisitiza kuondoka, na akiwa mwenye kamisheni, uamuzi wa kumkubalia ni wa mamlaka ya kijeshi, si wa ofisi ya bondi. Mwambie hivyo waziwazi, ili asije akafungasha mizigo akidhani kwamba kulipa deni kumemfanya huru. Mamlaka ikikubali, mpe hesabu kamili ikiambatana na nakala za daftari la gharama alizozisaini, na umpe muda wa kuipinga. Pendekeza mpango wa awamu. Mkishakubaliana, uandikwe na usainiwe na pande zote, wadhamini wakiwemo.

Akiondoka bila kuaga, tuma notisi kwenye anwani aliyoiacha, kwenye anwani ya wazazi, na kwa wadhamini, ukihifadhi uthibitisho wa kila moja. Notisi itaje kifungu kilichovunjwa, kiasi, jinsi kilivyopatikana, na siku ya mwisho ya kujibu. Usiliache jalada lilale, kwa maana sheria za ukomo wa madai zipo na mashahidi huhama. Kuwadai wadhamini kabla ya kumtafuta daktari mwenyewe ni jambo ambalo sheria mara nyingi inaliruhusu, lakini naomba ofisi isilikimbilie. Mara nyingi mdhamini ni mwalimu mstaafu au mkulima, na aliyeondoka yupo ng'ambo akipata mshahara mkubwa.

Suala la vyeti linahitaji uangalifu wa pekee. Ofisi nyingine huzuia cheti cha shahada hadi deni lilipwe, na huliona jambo hilo kuwa wepesi kuliko kwenda mahakamani. Mimi silipendekezi. Daktari asiye na cheti hawezi kufanya kazi, asiyefanya kazi hawezi kulipa, na taifa limempoteza mara mbili. Serikali ina nyenzo nyingine halali, kwa mfano barua ambayo Marekani huitaka kutoka wizara ya afya ya nchi ya daktari kabla ya kumpokea kwa mafunzo ya ubingwa chini ya viza ya kubadilishana wataalamu. Anayeomba barua hiyo akiwa na bondi isiyotimizwa anaweza kutakiwa kwanza akubaliane na jeshi kuhusu deni. Mradi sharti hilo lilikuwa limeandikwa ndani ya mkataba, hakuna ujanja ndani yake.

Mahakama zenyewe, pale mkataba ulipoandikwa vizuri, haziziogopi bondi. Tarehe 19 Agosti 2019 Mahakama Kuu Kabisa ya India ilikataa hoja za madaktari bingwa waliopinga bondi za majimbo kadhaa. Hoja za uhuru wa kufanya kazi na katazo la kazi ya kulazimishwa zote zilisikilizwa na kushindwa, kwa kuwa wahusika walisaini wakijua, na masomo yao yaligharimiwa na umma. Lakini mahakama hiyo haikuficha kwamba masharti ya baadhi ya majimbo yalikuwa makali, ikazishauri mamlaka ziweke sera moja kwa nchi nzima.

Anayekataa kwa ajili ya dhamiri

Mara chache atakuja daktari atakayesema kwamba imani yake imebadilika na hawezi tena kuwa sehemu ya jeshi lolote. Usimcheke, wala usidhani moja kwa moja kwamba anatafuta njia ya kukwepa deni. Nchini Marekani madaktari wawili waliosomeshwa kwa ufadhili wa jeshi, mmoja wa nusukaputi na mwingine wa picha za mionzi, walikataliwa maombi yao ya namna hiyo, wakaenda mahakamani, na mahakama za rufaa zikawapa ushindi mwaka 2008 na 2009. Katika shauri la pili jopo la jeshi lilikuwa limekataa ombi bila kuandika sababu, na sababu zilizoletwa baadaye hazikulisaidia. Kwa hiyo sikiliza kwa utaratibu uliowekwa, pima ukweli wa imani yake kwa ushahidi, na uandike sababu za uamuzi siku ileile unapofanywa. Suala la fedha lishughulikiwe peke yake: Ujerumani humdai anayeondoka kwa dhamiri kile tu alichookoa kwa kutolipia masomo yake mwenyewe, na kipimo hicho naona ni cha haki.

Kufunga jalada

Daktari anapomaliza miaka yake, au anapolipa awamu ya mwisho, asiachwe aondoke kimya. Mwandikie hati inayosema kwamba bondi namba fulani, ya tarehe fulani, imetimizwa na kwamba jeshi halina dai lolote tena juu yake. Wapelekee wadhamini nakala zao, na ikiwa kuna hati ya shamba au ya nyumba iliyowekwa dhamana, irudishwe mkononi kwa aliyeitoa, asaini kuipokea, na ofisa aliyeikabidhi aandike tarehe kwenye ukurasa wa mwisho wa jalada.